Mume wangu anadhani nina mwanamume mwingine, kumbe nakwenda mahali pasipokuwepo

Shikamoo Shangazi,

Barua hii nimeiandika mara nne na kuifuta mara tatu. Hii ya nne nimeapa kuituma kabla sijairudia kuisoma, kwa hiyo nivumilie nikirukaruka.

Nina miaka 44. Nimeolewa, nina watoto wawili, mkubwa ana miaka 14 na mdogo 10. Ni karani, kazi yangu ni kupanga majalada ya kesi zilizokwisha. Nakutajia kazi kwa sababu wakati mwingine nahisi ndiyo iliyonizoesha kupanga na haya mengine nitakayokueleza.

Kuna mahali ninapokwenda. Hakuna mtu anayepajua kwa sababu hapapo. Napaita Kule. Nilianza kwenda nikiwa na miaka kama 32, usiku, usingizi ukinikataa. Nafumba macho naona ukumbi mrefu, madirisha upande mmoja tu, na mwanga wa ile saa ambayo ukiamka ghafla hujui kama ni alfajiri au magharibi. Kuna mabenchi ya mbao kama ya watu wanaosubiri kuitwa majina. Ukutani kuna saa, lakini haina akrabu hata moja. Hakuna anayechoka, hakuna anayeniuliza nimefuata nini. Na kwenye mabenchi wamekaa wote ambao hawakutokea. Yale mambo ambayo nusura yawe, Shangazi, yote yana sura za watu.

Kuna msichana wa miaka 23, ana begi miguuni. Huyo ni mimi. Nilikuwa nimepata nafasi ya kwenda mbali kusoma falaki, elimu ya nyota na sayari, na ada ililipwa yote. Wiki mbili kabla ya safari mama akapooza upande mmoja. Niliyekuwa nyumbani ni mimi. Nikaomba nafasi isogezwe mbele, wakanijibu kwa adabu kwamba haisogezwi. Sijawahi kumlaumu mama, Mungu amrehemu. Ila yule msichana hajafungua begi lake mpaka leo.

Kuna mwanamume. Jina lake silitaji hata nikiwa Kule. Alinitaka, nami nilimtaka, akaniuliza swali moja, nikamwambia nipe muda. Muda ukawa mrefu kuliko subira yake. Kule hajaondoka. Kila nikifika hunisogezea nafasi kwenye benchi, hasemi neno.

Na kuna mtoto. Kati ya mkubwa na mdogo wangu kulikuwa na mimba, ikatoka ikiwa ya miezi mitano. Ni miaka 12 sasa. Hatukumpa jina. Watu walinipa pole kwa siku mbili, kisha wakaanza kuniambia wewe bado kijana, utapata mwingine, na kweli nikapata. Kule yupo, ni msichana. Sasa nikuambie jambo ambalo sijamwambia kiumbe yeyote. Wengine wote Kule hawazeeki. Yule wa begi ana miaka 23 tangu nimjue. Lakini mtoto anakua. Juzi nilisimama karibu naye nikaona amenifikia begani.

Zamani nilikwenda mara mojamoja. Siku hizi ni kila siku, na si usiku tu. Nakwenda nikiwa kazini na jalada mkononi. Wiki tatu zilizopita nilifika nyumbani, nikazima gari, nikabaki humo ndani. Mume wangu akatoka akanikuta. Anasema aligonga kioo mara mbili. Kumbe nilikuwa nimekaa dakika 40 na ushei. Akaniuliza, "Ulikuwa unaongea na nani?" Nikasema siongei na mtu. Akaitazama simu yangu pale kwenye kiti, akageuka akaingia ndani. Tangu siku hiyo ananiangalia kama mtu anayehesabu kitu kimoyomoyo. Jana usiku, taa tumeshazima, akasema, "Kama yupo mtu, niambie nijue." Ningemjibu nini? Hayupo mtu. Na yupo.

Kilichonisukuma kukuandikia kingine ni hiki. Mwezi uliopita niliona tangazo la masomo ya falaki kwa njia ya mtandao, saa za jioni, kwa watu wazima. Ni cheti tu. Nikajaza fomu yote, nikafika kwenye kitufe cha kutuma, nikafunga kompyuta. Watu wataniambia naogopa kufeli. Sivyo. Nilichoogopa ni kwamba nikiingia darasani nikawa mwanafunzi wa kawaida, mama mtu mzima anayesinzia kwenye hesabu, yule msichana atainuka kwenye benchi achukue begi lake aondoke, nisimwone tena. Kwa sasa yeye ni bingwa. Hajakosa swali hata moja.

Niliwahi kusoma kwamba mwanafizikia wa Marekani, Hugh Everett, aliandika mwaka 1957 nadharia ambayo kwayo matokeo yote yanayowezekana ya vipimo vya chembe ndogo kabisa hutokea kweli, kila moja kwenye tawi lake la ulimwengu. Ukurasa ule niliusoma hata nikaukariri. Nikajiambia, basi Kule pako, hapako kichwani mwangu tu. Nikafurahi mpaka machozi, halafu nikajiogopa.

Nisaidie. Je, nimeanza kuchanganyikiwa? Nipafunge mahali hapa? Na nikipafunga, mtoto nitamwacha na nani mle? Mume wangu nimwambie nini? Tafadhali usiniambie nishukuru kwa nilivyo navyo. Navishukuru. Naweza kuvishukuru na kwenda Kule siku hiyo hiyo.

Wako,
Wa Kule

*

Marahaba, mwanangu.

Barua yako nimeisoma nikiwa nimesimama, kisha nikavuta kiti nikaisoma tena na kalamu mkononi. Kabla ya safu hii nilifundisha sarufi ya Kiswahili kwa miaka mingi, na ugonjwa wa walimu ni kusahihisha hata barua za mapenzi. Nisamehe mapema basi, maana kuna mahali nitakushika kwa maneno yako mwenyewe.

Kuhusu kushukuru nimekusikia. Hilo sitaligusa.

Nilivyokuelewa ni hivi. Kwa miaka 12 umekuwa na mahali pa kujipumzisha, na sasa mahali hapo pameanza kukuchukua mchana kweupe bila kukuomba ruhusa. Mumeo ameona unachukuliwa, hajaona unachukuliwa na nani, akajaza pengo kwa jambo analolijua. Na katikati ya hayo mlango halisi umefunguka kidogo, wa masomo, nao unakutisha kuliko ukumbi wenyewe.

Nianze na hofu ya kuchanganyikiwa, kwa sababu inapiga kelele na kuzuia mengine yasisikike. Mimi si daktari, lakini mtu aliyepoteza mpaka haandiki "hakuna mtu anayepajua kwa sababu hapapo". Wewe mpaka unauona. Na kuondoka kimawazo si jambo lako peke yako: mwaka 2010 watafiti wawili, Killingsworth na Gilbert, waliwauliza watu wazima zaidi ya 2,000 kupitia simu zao, wakati wowote wa siku, akili zao ziko wapi. Karibu asilimia 47 ya mara walizoulizwa, akili zilikuwa kwingine, si kwenye lile walilokuwa wakilifanya. Tunaishi nusu nusu, sote.

Lakini sitaki kukubembeleza hadi ulale. Kuna ndoto za mchana zinazomla mtu. Mwanasaikolojia Eli Somer aliziandikia mwaka 2002, akiwaeleza watu ambao mawazo yao yamekuwa mengi kiasi cha kuvuruga kazi, usingizi na uhusiano wao na wengine. Miongozo rasmi ya kutambua magonjwa ya akili haijaiorodhesha hali hiyo, ila wapo wataalamu wanaoifahamu na kuisaidia. Ninachojiuliza mimi ni kuhusu gari. Ulikuwa umelizima. Je, limewahi kutokea likiwa linatembea? Hukusema, na nimeona kwamba hukusema. Kama jibu ni ndiyo, basi acha kwanza kila kitu kingine katika jibu langu, tafuta mwanasaikolojia au daktari wiki hii hii, na usukani mpe mtu mwingine kwa muda. Vivyo hivyo ikifika siku ambayo Kule wameanza kukuamrisha, au umeona ni afadhali kubaki huko moja kwa moja kuliko kurudi kwetu. Hapo usingoje hata kesho.

Sasa wakazi wako.

Kuna kosa ambalo wanafunzi wangu walilifanya kila mwaka, nami nikawakata alama kila mwaka: kuchanganya -nge- na -ngali-. "Ningesoma, ningefaulu" ni kauli ya mtu ambaye mlango wake bado u wazi. "Ningalisoma, ningalifaulu" ni ya mtu ambaye mtihani umeshapita na matokeo yamebandikwa ukutani. Siku hizi watu hawazitofautishi wakizungumza na hakuna anayekufa kwa hilo. Ila wewe una ukumbi mzima, na nikiutazama naona umewaketisha wote kwenye benchi moja la -ngali-. Na kitu kimoja kilinifanya nicheke peke yangu: umesema saa yako haina akrabu. Akrabu kwa Kiarabu ni nge, yule mdudu mwenye mwiba mkiani. Umewang'oa nge kwenye saa, na -nge- ikatoweka Kule kote! Najua ni mchezo wa maneno wa mwalimu mzee. Lakini uliandika wewe.

Turudi tuwatazame mmoja mmoja, maana sidhani kama ni watu wa aina moja.

Huyu mwanamume hasemi neno kwa sababu hujampa la kusema. Mwenye jina hilo, popote alipo, anasema, anakoroma, anabishana, pengine ana upara. Yule wa benchi ni muda ulioomba ukauvalisha shati. Mwaka 1982 Kahneman na Tversky waliwapa watu kisa cha wasafiri wawili waliokwama kwenye msongamano mmoja, wakafika uwanja wa ndege dakika 30 baada ya muda wa ndege zao. Wa kwanza akaambiwa ndege yake iliondoka kwa wakati. Wa pili akaambiwa ya kwake ilichelewa, imeondoka dakika 5 tu zilizopita. Nani ameumia zaidi? Asilimia 96 ya waliojibu walisema wa pili, ingawa wote wawili wamebaki na mizigo yao. Kinachouma ni nusura. Na wewe nusura yako ilikuwa ya neno moja, ndiyo au hapana, kwa hiyo akili inaona ni rahisi mno kurudi kulirekebisha. Watafiti wengine wawili, Gilovich na Medvec, waliandika katika miaka ya 1990 kwamba kwa muda mfupi watu hujutia zaidi waliyoyatenda, ila wakiyatazama maisha yao marefu hujutia zaidi ambayo hawakuyatenda. Sababu mojawapo ni nyepesi: lililotendeka lina mwisho, ambalo halikutendeka unaweza kuliongezea chumba kila usiku. Mumeo wa kweli anashindanaje na mtu wa namna hiyo? Ameshagonga kioo mara mbili.

Huyo mwanamume sina la kukuagiza juu yake. Nakuuliza tu: ukiondoa ile nafasi anayokusogezea, kuna kitu gani kingine umewahi kukipata kwake Kule?

Msichana wa begi nadhani amebeba vitu viwili, na hapo ndipo fomu inapokwama. Kuna kuondoka ukiwa na miaka 23, na ada imelipwa, na maisha yote mbele. Hilo ni -ngali-, limekwenda. Na kuna kusoma falaki. Hilo ni -nge-, na liko kwenye kompyuta uliyoifunga. Umeyafungia kwenye begi moja, ndiyo maana ukishika kimoja unahisi unaiba kingine.

Unasema ni bingwa, hajakosa swali. Ni kweli, kwa vile hajaulizwa. Sikuambii hivyo nimpunguzie hadhi. Nami nampenda, nimemwona na begi lake. Ila nimejiuliza kama anayeogopa ile fomu ni yeye au ni wewe, na kama umewahi kumwuliza anataka nini. Mtu aliyekaa miaka 21 na begi miguuni huenda anataka kufika, hata kwa basi la jioni.

Hatari zipo, tusifichane. Unaweza kutuma fomu ukakuta masomo yanachosha. Unaweza kugundua kwamba ulichopenda ni lile anga la ujana wako, si hesabu za mizingo. Na yule msichana anaweza kweli kuinuka, ukamlilia kama anayezikwa. Ukiacha kutuma nako kuna bei, maana kuanzia sasa Kule patakuwa na mkazi mpya: mwanamke wa miaka 44 aliyefika kwenye kitufe. Yupo pia wa katikati, anayetoka nje usiku kutazama juu bila cheti cha mtu yeyote. Mimi falaki naijua kwa kuokoteza. Najua tu kwamba mwanga wa Jua hutufikia baada ya dakika 8 hivi, na wa nyota iliyo jirani zaidi baada ya hapo huchukua miaka 4 na ushei. Kwa hiyo wanafalaki kutwa wanatazama mambo yaliyokwisha kupita, na hakuna anayewaita wamechanganyikiwa.

Na Everett wako. Wanafizikia hawajakubaliana juu ya matawi yake hadi leo. Lakini hata wanaomkubali hawasemi kuna kichochoro cha kupita kutoka tawi moja hadi jingine. Tuseme yupo kweli, huyo aliyesafiri. Basi hajakaa kwenye benchi lako. Ana kazi, ana madeni, ana mgongo unaouma. Huenda usiku usingizi ukimkataa naye ana ukumbi wake, na kwenye benchi umekaa wewe, umeshika mkono wa mama.

Si wa kwanza kujenga jumba kama lako. Mwaka 1710 Leibniz, mwanafalsafa wa Kijerumani, alisimulia ndoto ya mtu anayetembezwa ndani ya jumba lenye umbo la piramidi, kila chumba kina dunia moja ambayo ingaliweza kuwa, na ndani ya vyumba hivyo mtu yule yule anaishi maisha tofauti. Chumba cha juu kabisa ndiyo dunia yetu, na Leibniz alitaka tuamini kuwa ndiyo bora ya zote. Hapo mimi namwacha aende peke yake. Mwanamke aliyepoteza mimba ya miezi mitano sitamwambia hivyo. Lakini alichora jambo moja ambalo limenikaa: piramidi lile lina kilele, halina tako. Ukianza kushuka, hakuna ngazi ya mwisho itakayokuambia basi, umefika.

Nimemweka mtoto mwisho kama ulivyomweka wewe, ingawa nashuku ndiye wa kwanza.

Hesabu zangu ni za sokoni, ila hii naiweza. Una miaka 44. Mimba ilitoka miaka 12 iliyopita. Kule ulianza kwenda ukiwa na 32, "usingizi ukinikataa". Umeyaandika mambo hayo mawili mbalimbali, aya mbili katikati, kama yasiyojuana. Inawezekana, sisemi ndivyo, kwamba ukumbi ulijengwa kwa ajili yake, na hao wawili wakaja baadaye kumpa mtoto watu wa kukaa naye?

Halafu umepaita Kule. Kwenye sarufi tuna pale, mahali dhahiri unapoweza kupaonyesha kwa kidole; tuna kule, kusikojulikana vizuri; na tuna mle, ndani. Barua nzima umesema Kule, Kule. Mara moja tu ukasema mle: "mtoto nitamwacha na nani mle?" Nilipofika hapo niliweka kalamu chini. Mle ni ndani, mwanangu. Na ndani ndiko ulikokuwa naye.

Kenneth Doka, mtaalamu wa Marekani anayeshughulika na mambo ya msiba, aliandika mwaka 1989 kuhusu huzuni ambazo jamii haizitambui: mtu amefiwa, lakini hakuna anayemwekea matanga. Mimba iliyotoka ni moja ya hizo. Ulipewa siku mbili. Kisha ukapewa hesabu ya kujazia, utapata mwingine, kana kwamba mtoto ni nafasi iliyoachwa wazi kwenye foleni. Mimi naona ulifanya lililowezekana kwa mtu aliyeachwa peke yake. Ulimtafutia mahali pa kukaa.

Ila mahali hapo hapako nje ya wakati. Mtoto amekufikia begani. Saa ile isiyo na akrabu inatembea, na inatembea kwa saa zako, zile za kwenye gari na za mezani kazini. Anakua kwa sababu kila ukienda unampelekea miaka yako mwenyewe.

Unauliza upafunge? Kuna jaribio la mwaka 1987 ambapo Wegner na wenzake waliwaomba watu wasimfikirie dubu mweupe. Wakamfikiria, bila shaka, na baadaye walipoachiwa huru wakamfikiria zaidi kuliko wale ambao hawakuwahi kukatazwa. Kwa hiyo kufuli la ghafla silipendi. Kuacha milango wazi kama ilivyo nako tumeona kunakokupeleka. Wako wanaojitengea muda, robo saa, saa maalumu, kisha wanarudi. Kwa wengine hufaa, kwa wengine robo saa huzaa robo saa. Wako wanaoandika. Na wewe una ufundi ambao wengi hawana: unajua kwamba jalada la kesi iliyokwisha halichomwi. Linaandikwa jina mgongoni, linapewa rafu, na anayelihitaji anakuja kuliomba kwa utaratibu. Kufunga na kuteketeza si kitu kimoja, na hilo unalifanya kila siku kwa mikono yako. Lakini jalada lisilo na jina, hebu niambie, hukaa wapi?

Ndipo nafika kwa mumeo. Nimeipitia barua yako nikitafuta "sisi". Umemwandika akigonga kioo, akitazama simu, akiuliza gizani. Mbali na taa mliyoizima, mara moja tu umeandika kitu ambacho mlikuwa ndani yake wote wawili: "Hatukumpa jina." Huyo mtoto hakuwa wako peke yako. Sijui yeye alimweka wapi. Pengine hakumweka popote. Pengine ana benchi lake ambalo hajawahi kukuonyesha, kwa kuwa alikuona umenyamaza akadhani umesahau.

Ukikaa kimya, kimya hicho atakijaza yeye, na ameshaanza. Ukimwaga yote usiku mmoja, masikio yake yatachagua mwanamume, mengine hatayasikia. Ukianza na ukumbi wenyewe, kwamba kuna mahali naenda nimefumba macho, anaweza kudhani unamtungia hadithi. Ukianza na mtoto utakuwa unasema kweli, na huenda kwa mara ya kwanza mkalia kwa wakati mmoja. Au akakuambia hayo yamepita, naye ukamwona mgumu kama wale wa siku mbili. Hilo litauma, ujiandae. Ila usimfanye mtoto pazia. Alikuuliza kama yupo mtu. Ukimjibu kwa mtoto tu ili asifike kwenye benchi la pili, atahisi, hata kama hatajua anachohisi. Huyo wa pili unaweza kumtaja siku nyingine, kwa maneno machache, kama kitu ulichokuwa nacho kabla yake na ambacho hujajua ukiweke wapi. Ni kweli pia, sivyo? Na kama mazungumzo hayo yanaonekana mazito kwenu wawili, kaeni na mtu wa tatu anayeijua kazi ya ushauri nasaha, mtu ambaye si wa ukoo wa yeyote kati yenu.

Kitu cha mwisho cha sarufi, nikuachie. "Ningali" ikisimama peke yake, bila kitenzi cha kuibebesha majuto, ina maana nyingine kabisa. Ningali hapa: bado nipo. Nilipokuwa nafundisha nilisema hayo ni maneno mawili yanayofanana tu, nikaendelea na somo.

Ukiniandikia tena, nitapenda kujua kuhusu gari, na mumeo alijibu nini. Fomu itume au usitume, nitakuelewa vyovyote. Jina la mtoto, mkimpa, si lazima mniambie.

Shangazi